Ugwe

Kwanza niliziona nywele.
Mbaruku ana siku tisa, mama yake anamwogesha
kwenye karai la bluu, mlango wa uani wazi,
na pale chini ya kiuno, juu kidogo ya makalio,
kishungi cheusi, laini kama ndevu za hindi,
na kando yake kishimo:
ungeweka punje ya mtama ikatulia.

"Nyota hiyo," alisema shangazi wa Pongwe.
"Wa kutajirika huyo. Msiguse."
Hatukugusa.

Mimi ni mtu wa katani.
Miaka kumi na tisa kiwandani, upande wa kusokota:
singa zinaingia nyeupe kama mvi, zinatoka ugwe,
na ugwe kwa ugwe inazaliwa kamba.
Vidole vyangu hujua mvuto kabla ya jicho:
hapa umelegea, hapa umekaza,
hapa simamisha mashine.

Bombo, Daktari Semhando, binti mdogo mwenye kikohozi,
alichora nyuma ya kadi ya kliniki.
"Mifupa ni nyumba. Ndani umelala ugwe,
ndio unaopeleka habari:
mguu, nyanyuka; kibofu, ngoja.
Mtoto anarefuka, nyumba inarefuka,
ugwe hubaki ukielea huru ndani ya maji yake.
Wa Mbaruku huenda umeshikwa chini.
Kila akikua, unavutwa."

Nikamwambia: kama uzi ulionasa kwenye roda
na mashine haijui.
"Ndiyo," akasema.
Kamba hukatikia pembamba, wamesema wakubwa.
Huu haukatiki, ndiyo taabu yake.
Unachoka tu, kimya kimya,
na mwenyewe bado hajajua kusema.

Kisha akauliza, akiitazama kalamu, si mimi:
kwenye ukoo yupo mwenye mguu mmoja mwembamba?
Mwenye kiuno kisichotaka kuinama?
Mkojo usiosubiri?

Mwanakheri akatazama viatu vyangu.
Cha kushoto huisha upande wa nje.

Nina arobaini na tatu.
Suruali mbili, moja juu ya nyingine,
hata Januari, na Januari ya Tanga mnaijua.
Msikitini safu ya mwisho, karibu na mlango.
Zamu ya usiku niliiomba mwenyewe,
gizani harufu haina mwenyewe.
Shuleni Chumbageni walinipa jina, silitaji.
Mama alinichapa, alipochoka akanifunga hirizi kiunoni,
ugwe juu ya ugwe.
Nikiokota msumari moto unashuka hadi kidole gumba,
nikasema ni kazi, nikasema ni sakafu,
nikasema ni uzee, nikiwa na thelathini.

"Mara nyingi haurithiwi," alisema daktari. "Hutokea tu.
Lakini vua shati."

Kidole chake kikashuka pingili kwa pingili,
kikasimama
mahali ambapo mimi sijawahi kupaona.
"Hapa pana uvimbe laini, kama andazi dogo.
Hakuna aliyekwambia?"

Mwanakheri akasema: "Mimi ninapajua.
Miaka kumi na miwili nalala kiganja changu kipo hapo.
Nilidhani ndivyo alivyoumbwa."

Tutakwenda Dar, wote watatu, tupigwe picha ya sumaku.
Kwa mtoto, alisema, tuwahi,
wakikata kinachoshika, ugwe utarudi kupumua.
Kwangu hakuahidi.
Maumivu huenda yakapungua. Mguu, tutaona.
Kuhusu kibofu alikohoa, akafunga faili.

Leo jioni karai lile lile.
Shangazi hayupo. Tunagusa.
Mbaruku anarusha maji: mguu wa kulia,
wa kulia, wa kushoto.
Tunahesabu bila kuambizana.
Wa kushoto umechelewa.
Au ni povu la sabuni.
Mwanakheri anamgeuza, tunaanza tena, moja.